Tulitunze Bao (2): Hesabu ya Kete na Mahali pa Kuliweka

Wiki iliyopita tulieleza namna bao linavyochongwa na miti inayofaa kwa kazi hiyo. Leo tunaingia katika jambo ambalo wachezaji wengi hulipuuza: kinachopaswa kufanyika mchezo unapokwisha, mmoja ameshaishiwa, watazamaji wananyanyuka, na mwenye mkeka anataka mkeka wake.

Niseme mapema ninachokiamini. Bao haliharibiki kwa kuchezwa, linaharibika kwa kuachwa. Ubao mzuri wa mninga au mkongo unaweza kutumiwa na babu, mwana na mjukuu. Lakini ubao huohuo ukilazwa barazani msimu mmoja wa masika, utapasuka, na kete zake zitatawanyika mpaka kwa jirani. Ninawaandikia hasa ndugu zetu wa Gwata na vijiji vya jirani, upande wa Kibaha na upande wa Kisarawe. Nyumba nyingi huko ni za udongo na fito, mvua za vuli na za masika ni za kweli, na mchwa hawana mapumziko. Maelezo yatamfaa pia msomaji wa mjini mwenye bao sebuleni.

KWANZA HESABU

Bao la Kiswahili lina mashimo 32, yaani safu nne za mashimo manane, na kete 64. Kila mchezaji ana safu mbili na kete 32. Wakati wa kuanza hutandika kete kumi tu: sita kwenye shimo liitwalo nyumba, na mbili mbili kwenye mashimo mawili yanayofuata kulia kwake. Zinazobaki, 22, hukaa mkononi au kwenye ghala, naye huziingiza moja moja katika hatua ya kwanza ya mchezo, iitwayo namua. Kwa hiyo kete hazikai mahali pamoja. Nyingine ziko ubaoni, nyingine kiganjani, nyingine zimewekwa mapajani au pembeni mwa mkeka. Mchezo ukiisha ghafla, kila moja iko kwake. Kukung'uta mkeka kabla ya kuhesabu ndiko kunakozipoteza.

Njia ya kuhesabu imo ndani ya bao lenyewe. Tandika kete mbili mbili katika kila shimo, kuanzia kichwa cha safu ya kwanza hadi shimo la mwisho la safu ya nne. Mashimo 32 mara mbili ni 64. Zikitimia, kila shimo lina jozi yake na hakuna kete mkononi. Zikipungua, shimo tupu au lenye kete moja litaonekana bila mtu kuhesabu kwa sauti. Huu ndio mtandiko wa bao la kujifunza, kwa hiyo hata mtoto aliyeanza juzi anaujua. Mpeni yeye kazi hiyo. Utasikia mazungumzo kama haya:

"Babu, shimo la mwisho lina moja."

"Basi hatujamaliza. Inua mkeka taratibu, halafu tazama chini ya kigoda cha mjomba wako."

Kete ikitafutwa papo hapo, hupatikana. Ikiachwa mpaka asubuhi, kuku wameshapekua, ufagio umeshapita, na takataka zimeshafika shimoni.

Huenda mtu akauliza: kete moja tu, kuna hasara gani? Hasara ipo. Katika bao kila kete huamua mkono utaishia wapi, na mkono ukiishia shimo jingine, mchezo mzima hubadilika. Mtafiti Mholanzi Alex de Voogt, aliyeandika tasnifu yake ya mwaka 1995 juu ya mabingwa wa bao, alichunguza jinsi wachezaji hao wanavyopiga kichwani hesabu za mizunguko mirefu kabla ya kugusa kete. Hesabu hizo zinasimama juu ya kete 64. Zikiwa 63, mmoja ameanza akiwa na pungufu, na ugomvi uko njiani.

Huko Hyrax Hill, karibu na Nakuru nchini Kenya, kuna safu za vishimo vya mchezo wa jamii ya bao zilizochongwa mwambani zamani. Mwamba umebaki na vishimo vinaonekana mpaka leo, ila kete za waliocheza pale hazipo. Sehemu ndogo za mchezo ndizo hutangulia kupotea, ndiyo maana nimeanza na kete kabla ya ubao.

KETE ZINAVYOWEKWA

Kete bora ni komwe, mbegu za mkomwe, kichaka chenye miiba kinachoota kwa wingi kandokando ya bahari. Komwe iliyokomaa ni ya kijivu, inang'aa, na ganda lake ni gumu kiasi kwamba maji hayapenyi mpaka likwaruzwe. Ndiyo maana mbegu hizi huelea baharini muda mrefu na bado zikaota zinapotupwa ufukweni. Kwa mchezaji, sifa hiyo ina faida kubwa: komwe zinaweza kuoshwa. Zikishika jasho na vumbi, zioshe kwa maji na sabuni kidogo, zifute, kisha zianike kivulini juu ya kitambaa mpaka zikauke kabisa.

Wakati wa kuzifuta, zitazame. Iliyopasuka itolewe, kwa sababu ganda likishafunguka maji huingia ndani, mbegu huvimba na hatimaye kuoza. Iliyochumwa kabla ya kukomaa nayo itolewe, maana husinyaa na kuwa nyepesi kuliko wenzake. Badala yake weka nyingine ya ukubwa uleule. Ni vizuri nyumba iwe na kete za akiba, kama kumi hivi, lakini zifungwe peke yake. Zikichanganywa na 64 za mchezo, hesabu yetu ya mbili mbili itavurugika.

Kifuko cha kitambaa kinatosha. Kipande cha khanga au kitenge kikuukuu kilichoshonwa na kutiwa kamba mdomoni hupumua, hakikwaruzi kete, na hakina gharama. Mifuko ya plastiki ya kubebea, mbali na kwamba imepigwa marufuku nchini tangu 1 Juni 2019, hufungia unyevu ndani na kuleta ukungu. Makopo ya bati nayo yana kasoro: hupata kutu wakati wa masika, na kutu ikigusa mbao zenye utomvu mkali huacha madoa meusi yasiyotoka. Kwa sababu hiyohiyo, wanaocheza drafti kwa vizibo vya soda wasivilundike juu ya bao. Vizibo 24 vya drafti viwe na mfuko wake, na kete za ludo na dadu zake ziwe na wake.

Tahadhari moja kwa wazazi: komwe ni ndogo, ngumu na laini ya kuteleza. Mtoto mchanga akiimeza inaweza kumkaba. Kifuko kitundikwe asipofika.

UBAO WENYEWE

Mti ukishakatwa na kukauka, bado hunywa na kutoa unyevu kufuatana na hewa. Ukinywa, hutanuka kwa upana wake; ukitoa, hunywea kwa upana huohuo, wakati urefu haubadiliki sana. Tena unyevu hutoka kwa kasi zaidi kwenye ncha mbili ulikokatwa kuliko kwenye mbavu. Ncha ikinywea kabla ya katikati, mbao hazina pa kujificha ila kupasuka. Tazama bao lolote bovu, utaona ufa umeanzia upande wa kichwa na kuelekea ndani, shimo hadi shimo.

Kwa hiyo adui wa bao ni kubadilikabadilika kwa hali: umande usiku, jua kali saa sita, mvua ya alasiri, kisha jua tena. Bao linaloachwa barazani hupata yote hayo kwa siku moja. Likilowa kwa bahati mbaya, lifute na ulikaushe kivulini penye upepo, kwa siku kadhaa. Usilianike juani kwa haraka, na usilisogeze jikoni karibu na mafiga.

Baada ya kila mchezo, toa vumbi mashimoni kwa brashi laini au kitambaa kikavu. Mchanga unaobaki ndani ya shimo husuguliwa na kete kila zinapotupwa, ukawa kama msasa, na baada ya miaka shimo hupoteza umbo lake. Bao lisioshwe kwa maji wala kulowekwa.

Mara moja au mbili kwa mwaka, hasa kiangazi kikianza, lipake mafuta. Mafuta ya kitani yanayouzwa kwenye maduka ya vifaa vya ujenzi yanafaa, kwa sababu hukauka na kuacha utando unaopunguza kasi ya unyevu kuingia na kutoka. Paka kidogo, ongeza kwenye ncha mbili, subiri, kisha futa yote yaliyobaki juu. Mafuta ya kupikia hayakauki. Hunata, huvuta vumbi na sisimizi. Na kitambaa ulichopakia mafuta ya kitani usikifinyange na kukitupa pembeni, kwani hujipasha joto chenyewe na kinaweza kushika moto. Kitandaze nje kikauke kwanza.

MAHALI PA KULIWEKA

Kanuni ni tatu: juu ya ardhi, mbali na ukuta, na lilale bapa.

Juu ya ardhi, kwa sababu mchwa hutoka ardhini. Hujenga vijia vya udongo na kupanda navyo, na bao lililolazwa sakafuni katika nyumba ya udongo linaweza kuliwa kwa chini huku juu likionekana zima. Mbali na ukuta, kwa sababu ukuta wa udongo ni njia yao nyingine na hushika unyevu wakati wa mvua. Lilale bapa, kwa sababu ubao mrefu ulioegemezwa hupinda taratibu, na bao lililopinda huchezacheza juu ya mkeka.

Uchaga au rafu ya chumbani inafaa kabisa. Weka vijiti viwili vya mbao chini ili hewa ipite, kisha laza bao mashimo yakitazama chini. Hapo vumbi halijai, na mijusi na mende hawapati pa kutagia. Lifunike kwa kitambaa, na usirundike mizigo mizito juu yake.

Kila unapolitoa, tazama lilipolala. Ukiona unga mwembamba wa mbao, kuna wadudu wanaobungua ndani. Litenge na samani nyingine, umwite fundi seremala. Usilimwagie dawa ya wadudu mwenyewe, kwani mashimo hayo hushikwa na mikono ya watoto, na mikono hiyo huenda mdomoni.

MCHEZO ULIOKATISHWA

Mara nyingine adhana huadhiniwa, mvua hunyesha, au mgeni huingia, na mchezo haujaisha. Watu huliacha bao lilivyo wakisema "tutarudi", nalo hubaki uani usiku kucha. Afadhali liandikwe. Chora kwenye daftari safu nne za visanduku vinane, jaza idadi ya kete za kila shimo, kisha pembeni andika zilizobaki mkononi mwa kila mchezaji. Jumla ya yote iwe 64. Ongeza mambo mawili: zamu ni ya nani, na nyumba ya nani bado ipo. Mwenye simu apige picha, lakini picha haionyeshi kete zilizo mkononi, kwa hiyo hizo lazima ziandikwe. Kisha kusanya, hesabu, funga.

NANI AWE MSHIKA BAO

Kitu cha wote bila msimamizi hupotea. Kila nyumba iteue mshika bao. Si lazima awe bingwa wala mkubwa. Kijana wa darasa la tano anaweza. Kazi yake ni kulitoa, kusimamia hesabu ya mwisho, na kulirudisha uchagani. Anayeazima achukue kete mbele yake na kuzirudisha mbele yake, zikiwa zimetandikwa mbili mbili. Kwa utaratibu huo hakuna wa kushukiwa.

Muyaka bin Haji, malenga wa Mombasa aliyefariki mwaka 1840, aliliimba bao katika tungo zake. Mwalimu Julius Nyerere alilipenda na kulicheza. Limefika kwetu kwa sababu katika kila kizazi palikuwa na watu walioliinua kutoka mavumbini na kulirudisha ndani jioni ilipofika.

Wiki ijayo, katika sehemu ya tatu, tutaeleza jinsi ya kuziba nyufa na kurekebisha mashimo yaliyolika. Kabla ya hapo nakuomba, ndugu msomaji, ulitoe bao lako leo, uzitandike kete mbili mbili, na ukikuta pungufu uanze kuzitafuta leo hii.