Bega lililotoka nusu na msimbo wake

Mgonjwa akisema bega lake limeteguka, kwa Kiswahili amemaliza. Anayeandika msimbo wa ugonjwa bado hajapata kitu. Kitenzi hicho kimoja hubeba majeraha matatu: ligamenti za bega zilizovutika au kuchanika huku mifupa imebaki mahali pake, kichwa cha mfupa kilichosogea nusu kikabaki kinagusa kikombe chake, na kichwa kilichochomoka kabisa. Katika vitabu vya misimbo kila moja lina mahali pake, na la katikati, mteguko nusu, ambao madaktari huuita sabluksesheni, ndilo linaloandikwa vibaya mara nyingi.

Kiungo chenyewe kinaeleza kwa nini. Kichwa cha mfupa wa mkono wa juu ni duara kubwa, na kikombe kinachokipokea kwenye bapa la bega karibu hakina kina, mfano wa chungwa lililowekwa juu ya kisahani cha chai. Kinacholizuia chungwa lisidondoke ni ukingo wa gegedu, kifuko cha ligamenti na misuli inayokizunguka kiungo. Mkono ukinyanyuliwa na kupindishwa nje kwa nguvu, kichwa huteleza kuelekea mbele. Zaidi ya tisa kati ya kila miteguko kumi ya bega ni ya mbele. Ule wa nyuma ni nadra, na hupatikana hasa baada ya kifafa au kupigwa na umeme, wakati misuli inapokaza yote kwa pamoja. Mteguko nusu mara nyingi hujirudia wenyewe: mtu husikia bega limetoka na kuingia, na akifika hospitali eksirei inaonyesha mifupa imekaa sawa. Hapo daktari hana picha ya kuonyesha, ana maelezo ya mgonjwa na vipimo alivyovifanya kwa mikono tu.

Misimbo hiyo hutoka katika Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, ICD kwa kifupi. Ulianza kama orodha ya sababu za vifo iliyotungwa na mtakwimu Mfaransa Jacques Bertillon na kupokewa mwaka 1893. Mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani liliuchukua, na toleo la sita likaingiza magonjwa na majeraha yasiyoua. Toleo la kumi lilipitishwa mwaka 1990. Katika toleo hilo la kimataifa mteguko wa kiungo cha bega una msimbo mmoja tu, S43.0. Haujali upande wala mwelekeo.

Marekani haikuridhika na ufupi huo. Ilitengeneza toleo lake, ICD-10-CM, na kulianzisha tarehe 1 Oktoba 2015. Toleo lililotangulia, ICD-9-CM, liliuhesabu mteguko nusu kuwa mteguko tu, wala halikuuliza kama bega ni la kulia au la kushoto. Jipya liliichukua S43.0 na kuipasua vipande. Tarakimu ya tano husema mwelekeo: 0 kama haukutajwa, 1 mbele, 2 nyuma, 3 chini, 8 mwingineo. Tarakimu ya sita hufanya kazi mbili kwa pamoja, na hapo ndipo makosa mengi huzaliwa: 1, 2 na 3 ni mteguko nusu wa kulia, wa kushoto na wa upande usiotajwa, 4, 5 na 6 ni mteguko kamili kwa mpangilio uleule. Kwa hiyo S43.011 ni bega la kulia lililotoka nusu kuelekea mbele, na S43.014 ni bega lilelile lililotoka kabisa. Kidole kikiteleza kwenye kibodi, jeraha limebadilika. Bega likitoka kulia na kushoto kwa wakati mmoja hakuna msimbo wa pande mbili. Huandikwa misimbo miwili.

Herufi ya saba hufunga msimbo, na bila hiyo dai la bima halipiti. A ni matibabu hai, D ni ufuatiliaji wakati jeraha linapona, S ni athari iliyobaki baada ya kupona. Mielekeo mitano, mara hali sita, mara herufi tatu: kiungo kimoja kimepata misimbo 90. Wengi huisoma A kama ziara ya kwanza, na huo ni upotofu. Mgonjwa aliyepelekwa kwa daktari wa pili siku tatu baadaye, akaanziwa matibabu mapya huko, bado ni A.

Mfano wa faili moja unatosha. Mtu ameanguka ngazini akijikinga kwa mkono wa kulia ulionyooshwa. Daktari wa dharura anaandika kwamba bega la kulia lilitoka nusu kuelekea mbele likajirudia, hakuna mvunjiko, mkono umefungwa kwa kitambaa. Msimbo ni S43.011A, na pembeni yake huwekwa W10.9XXA, unaosema kwamba sababu ni kuanguka ngazini. Zile X mbili hazina maana yoyote. Zinajaza nafasi ili A ifike ya saba. Wiki mbili baadaye anarudi kuangaliwa na kupewa mazoezi: S43.011D. Miezi kadhaa ikipita, jeraha limepona lakini bega limekakamaa na mkono haufiki kichwani. Sasa tatizo lililomleta ndilo linalotangulia, M25.611, ukakamavu wa bega la kulia, na jeraha la zamani linafuata nyuma kama asili yake, S43.011S. Kuweka S mbele ya ukakamavu ni kosa la kawaida la wanafunzi, na si la wanafunzi peke yao.

Bega lina viungo zaidi ya kimoja, na maneno ya faili huvichanganya. Mahali mtulinga unapokutana na ncha ya bapa la bega pana misimbo yake chini ya S43.1, na mteguko nusu wa hapo ni S43.11: S43.111 kulia, S43.112 kushoto. Upande usipotajwa tarakimu ya sita si 3 kama ilivyokuwa kwenye kiungo kikuu, ni 9. Aliyekariri mpangilio mmoja na kuutumia kotekote atanaswa hapo. Mahali mtulinga unapokutana na mfupa wa kidari ni S43.2, na bapa la bega lenyewe ni S43.31. Ligamenti zilizovutika bila mfupa kuhama huenda S43.4, na misuli na kano zake huenda kwingine kabisa, S46. Mtu aliyeangukia bega akiwa kwenye baiskeli akapata uvimbe juu ya mtulinga huenda akaandikiwa “bega limetoka nusu” bila kutajwa kiungo. Msimbo wa bega kuu ukitumika hapo, faili litasema jambo ambalo mwili haukulipata.

Ugumu mkubwa zaidi ni bega lenye mazoea ya kutoka. Kijana aliyeteguka akiwa na umri mdogo ana uwezekano mkubwa wa kuteguka tena, kwa sababu ukingo wa gegedu ukishabanduka hauwi tena kama ulivyokuwa. Toleo la Marekani huitoa hali hiyo kwenye sura ya majeraha na kuipeleka kwenye sura ya mifupa na viungo: M24.411 kwa kulia, M24.412 kwa kushoto. Jina la msimbo linataja mteguko wa kujirudia, lakini chini yake mteguko nusu wa kujirudia umehesabiwa pia, kwa hiyo hapa tofauti ya nusu na kamili inafutika. Kundi la M24 lina onyo linalokataza kuliandika pamoja na jeraha la sasa la kiungo hichohicho. Mtaalamu wa misimbo lazima achague, na kinachoamua ni kile daktari alichokitibu siku hiyo: jeraha jipya lenye tukio na tarehe, au udhaifu wa muda mrefu. Bega linalolegea bila kuwahi kuteguka waziwazi lina mahali pa tatu, M25.311 kwa kulia. Faili linalosema tu “bega limetoka tena” haliamui lolote, na njia halali ni kumrudishia daktari swali.

Kumrudishia daktari swali ni sehemu ya kazi, wala haipaswi kuonekana usumbufu. Mtaalamu wa misimbo haruhusiwi kuitazama eksirei na kutoa hukumu yake, wala kuukisia upande kutokana na mkono uliofungwa kwenye picha. Katika zahanati na wagonjwa wa nje, maneno kama “huenda” na “inashukiwa” hayapewi msimbo wa ugonjwa. Huandikwa dalili, mfano M25.511, maumivu ya bega la kulia. Kwa mgonjwa aliyelazwa kanuni inageuka: kinachoshukiwa hadi siku ya kuruhusiwa huandikwa kana kwamba kimethibitika. Msimbo wa S43.003A, mteguko nusu usiotajwa mwelekeo wala upande, ni halali kitabuni. Lakini mtu ana mabega mawili tu, na daktari aliyelishika mojawapo alijua ni lipi. Kampuni ya bima inayoukataa msimbo huo haijakosea sana.

Malipo nayo yana mtego wake. Kulirudisha bega kwa mikono bila dawa ya usingizi kuna msimbo wa tiba, 23650. Bega lililotoka nusu likajirudia lenyewe njiani halikurudishwa na mtu, kwa hiyo msimbo huo hauna kazi, hata kama daktari alilipima kwa nusu saa.

Toleo la kumi na moja la ICD, lililoanza kutumika tarehe 1 Januari 2022, limefuata njia nyingine: msimbo mfupi wa jeraha huunganishwa na misimbo ya nyongeza inayoanza na X, ukiwemo wa upande, badala ya kuandaa msimbo mmoja kwa kila mchanganyiko. Marekani bado inatumia ICD-10-CM, ambayo marekebisho yake ya mwaka huanza kila tarehe 1 Oktoba. Msimbo wa bega hufuata kitabu cha siku mgonjwa alipohudumiwa, hata kama dai limeandikwa miezi mitatu baadaye.