Mahindi yaliyopigwa na mvua ya mawe: pasua shina kabla hujapanda upya

Msikilizaji wetu wa Mbeya au Iringa, asubuhi hiyo unaijua. Jana jioni mvua ya mawe imepita, na shamba la mahindi yenye majani manne au matano limebaki vijiti vilivyochanika. Jirani mmoja ameshika jembe, anataka kupanda upya. Mwingine anasema tusubiri. Mbegu ni ghali na mvua za kwanza hazirudi, kwa hiyo kukosea hapa ni hasara. Jibu liko ndani ya mche, mahali unapokulia.

Mmea haukui mwili mzima kama ndama. Gonga msumari kwenye mti wa paini usawa wa kifua chako, rudi baada ya miaka kumi: mti umepanda sana, msumari uko palepale. Urefu unaongezeka nchani, kwenye seli ambazo bado hazijapangiwa kazi. Seli ni vile vyumba vidogo sana vinavyojenga kila kiumbe hai. Seli ya jani hutengeneza chakula kwa mwanga wa jua, ya mzizi hunyonya maji, na zikishakomaa hivyo nyingi hazigawanyiki tena. Hizi changa kazi yake ni kugawanyika: moja inakuwa mbili, mbili zinakuwa nne. Baadhi hubaki palepale ziendelee na kazi, nyingine husukumwa pembeni, hurefuka, kisha huwa jani, shina au ua. Wataalamu huita sehemu hiyo meristemu. Sisi tuiite kitovu cha ukuaji.

Sasa turudi shambani. Kitovu cha mahindi hukaa chini ya udongo mpaka mche ufikishe kama majani sita yaliyokunjuka kabisa. Kabla ya hapo, unachokiona juu ya ardhi ni majani yaliyoviringana tu, si shina. Mawe, mbuzi, hata sakitu ya usiku mmoja vinaweza kumaliza majani yote, kitovu kikabaki salama na kusukuma mengine. Na kwa kuwa huku kwetu kuna baridi, mahindi huenda taratibu kuliko pwani. Usihesabu wiki, hesabu majani.

Subiri siku tano hadi saba. Kisha ng'oa miche michache kutoka pande mbalimbali za shamba, uipasue katikati kwa kisu kuanzia mizizini kwenda juu. Juu kidogo ya mizizi utaona kincha kidogo. Kikiwa cheupe na kigumu, mche uko hai. Kikiwa cha kahawia na laini, umekufa. Ukiona mingi iko hai, weka jembe chini.

Baada ya majani sita hali hubadilika. Kitovu kimepanda juu ya ardhi, na kikiharibiwa na mawe, au na kiwavijeshi aliyeingia moyoni mwa mmea, shina hilo halitoi mbelewele wala usilitegemee kwa hindi.

Maharage ni kinyume kabisa. Kitovu chake kiko juu ya ardhi tangu siku yanapochomoza, katikati ya yale majani mawili manene ya mbegu. Yakikatwa chini ya hapo, hayana pa kuchipulia. Ndiyo maana kwenye shamba la mchanganyiko mawe yaleyale huua maharage na kuacha mahindi.

Wagema ulanzi wa Iringa wanayajua haya bila darasa. Wakati wa mvua hukata ncha ya chipukizi la mwanzi, hutega mbeta, na kila asubuhi na jioni huchonga tena kidogo. Maji matamu yaliyokuwa yanapanda kulisha sehemu inayokua hudondokea humo. Lakini chipukizi lililokatwa ncha halipandi tena. Anayegema yote kwenye kichaka atakunywa vizuri mwaka huu, fito za kujengea akatafute kwingine. Chai ya Mufindi haina shida hiyo: ukichuma majani mawili na kichipukizi, macho yaliyolala chini yake huamka na kuchipua.

Macho ya kiazi mviringo nayo ni vitovu, na hapo kuna jambo la faida. Mkulima akirudia mbegu yake mwenyewe msimu baada ya msimu, virusi huongezeka na mavuno hushuka. Ila nchani kabisa mwa chipukizi virusi mara nyingi huwa havijafika. Mwaka 1952, nchini Ufaransa, Georges Morel na Claude Martin walikata vincha vidogo mno kutoka kwenye maua ya dalia yaliyokuwa na virusi, wakavilea maabara na kupata mimea safi. Mwaka 1955 wakafanikiwa kwa viazi. Hadi leo maabara za mbegu za viazi hutumia njia hiyo. Kwa Mbeya, kituo cha utafiti cha TARI Uyole ndicho cha kuulizia habari za mbegu bora za viazi. Ukizipata, usizipande kwenye shamba lililokuwa na mnyauko wa bakteria msimu uliopita. Mbegu hiyo ni safi, lakini haina kinga, na ugonjwa uliomo udongoni utaishika kama mbegu nyingine.