Sultan Khan alicheleweshewa haki yake

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi nitoe dukuduku langu kuhusu mcheza sataranji Mir Sultan Khan wa Punjab. Mtu huyu alikuwa mtumishi. Bwana wake alimpeleka Uingereza, akatwaa ubingwa wa nchi hiyo mwaka 1929, 1932 na 1933. Katika mashindano ya Hastings ya 1930-31 alimshinda hata Capablanca, bingwa wa zamani wa dunia. Bwana alipofunga safari ya kurudi, naye akarudi.

Shirikisho la dunia lilianza kutoa cheo cha Bingwa Mkuu mwaka 1950. Yeye akasahauliwa, akafariki mwaka 1966. Alipewa mwaka 2024!

Wasomaji wenzangu, heshima ya kaburini humfaa nani? Tuwatunze wenye vipaji wangali hai.

Mpenzi wa Sataranji,
Morogoro.