Je, Wajua? Filamu Isiyo na Msimulizi
Je, wajua kwamba Frederick Wiseman wa Marekani, tangu Titicut Follies ya mwaka 1967, alijenga filamu zake za hali halisi bila msimulizi, mahojiano wala muziki wa kupachika? Katika La Danse (2009) tunawaona wacheza baleti wa Opera ya Paris mazoezini: mkono unasahihishwa, hatua inarudiwa, inarudiwa tena. Hapo ndipo ufundi unapoonekana, maana jukwaani jasho hilo hufichwa. Wapo wanaodai kuwa huko ni kurekodi tu, si sanaa. La hasha! Kwa National Gallery (2014), kuhusu jumba la sanaa la London, zilirekodiwa takriban saa 170, zikabaki tatu. Na uteuzi huo mgumu, wenye hukumu katika kila mkato, aliufanya mwenyewe kwenye meza ya uhariri.