DLL Ikikosekana, Usiitafute kwa Jina

Umemaliza kusakinisha programu, unaibofya mara mbili, na badala ya kufunguka inakuletea ujumbe kwamba VCRUNTIME140.dll haijapatikana. Wengi hapo hulichukua jina hilo, wakalitafuta kwenye intaneti, wakapakua faili kutoka tovuti ya kwanza inayojitokeza na kulibandika ndani ya folda ya System32. Nakusihi usifanye hivyo, na sababu utaiona ukishajua faili hilo ni kitu gani.

DLL ni kipande cha programu kilichotengwa makusudi ili programu nyingi zikitumie kwa pamoja. Tazama kile kidirisha cha kuhifadhi kazi yako, chenye folda upande wa kushoto na nafasi ya kuandika jina chini. Paint inacho, na programu ndogo iliyoandikwa na mwanafunzi wa chuo nayo inacho, kwa sura ileile. Mwanafunzi yule hakukichora. Programu yake inaiita comdlg32.dll, ambayo ni mali ya Windows, nayo ndiyo inayokifungua.

Utaratibu huu umekuwamo tangu Windows ya kwanza, mwaka 1985, toleo lililokusudiwa kufanya kazi hata kwenye kompyuta yenye RAM ya kilobaiti 256. Katika ufinyu ule isingewezekana kila programu ibebe nakala yake ya kila kitu. Hadi leo DLL ikishaingia kwenye RAM, programu kadhaa huweza kuisoma palepale. Ila kwangu mimi faida kubwa zaidi ni ya usalama: kasoro ikizibwa ndani ya faili moja, programu zote zinazolitegemea hupona kwa sasisho moja.

Kutegemeana huko kulileta balaa miaka ya 1990. Programu ilisakinishwa ikiwa na DLL ya zamani, ikaiweka juu ya ile mpya iliyokuwapo, na programu nyingine isiyohusika kabisa ikagoma. Windows 2000 ilianza kuyalinda mafaili ya mfumo yasibadilishwe ovyo, kisha Windows XP, mwaka 2001, ikaleta njia ya kuweka matoleo tofauti ya DLL ileile kwenye folda ya WinSxS, kila programu ipewe linaloifaa.

Sasa turudi kwenye faili lililokosekana. DLL ikishapakiwa, inafanya kazi kwa mamlaka yote ya programu iliyoiita. Ikiwa programu hiyo inasoma nyaraka zako na nywila zako, na DLL inaweza kuzisoma. Faili la kuokota, lisilojulikana limepitia mikono ya nani, linapewa funguo hizo siku ya kwanza. Tena mara nyingi Windows huanza kutafuta DLL kwenye folda ya programu yenyewe kabla ya kwenda System32. Wahalifu wanalijua hilo, ndiyo maana huweka faili lenye jina la kawaida kabisa pembeni ya programu halali, likapakiwa nayo bila mtu kushtuka.

VCRUNTIME140.dll ina mwenyewe. Imo ndani ya kifurushi cha Visual C++ Redistributable, ambacho Microsoft hukitoa bure kwenye tovuti yake. Kipo cha x64 na cha x86, na hapa ndipo watu huteleza: programu ya biti 32 inahitaji cha x86 hata kama Windows yako ni ya biti 64. Majina ya folda nayo yanapotosha, maana kwenye Windows ya biti 64, System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na ya biti 32 yamo SysWOW64. Ukiyachanganya kwa mkono, unaweza kuambulia kosa jipya, 0xc000007b. Sakinisha vyote viwili, kila faili litakwenda kwake.

Kama DLL iliyokosekana ni ya programu yenyewe, sakinisha programu hiyo upya, na kabla ya hapo angalia kama antivairasi haijaiweka DLL hiyo karantini. Kama ni ya Windows, fungua Command Prompt kwa mamlaka ya msimamizi, andika sfc /scannow, uache ukaguzi umalizike. Ikikuambia imeshindwa kurekebisha baadhi ya mafaili, endesha DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth ukiwa na intaneti, kisha rudia sfc.