Sauti Iliyoutangulia Mpira

Kijana mmoja mwenye banda la michezo ya video huko Kawangware, ambaye huwatoza wateja wake shilingi chache kwa kila mechi, na jioni za Jumamosi huyarusha mashindano yao mubashara katika intaneti, alipanda ngazi za chumba changu cha kazi hapa Luthuli mchana mmoja, kompyuta yake kaikumbatia ndani ya jaketi kwa hadhari ya vidole vyepesi vya Barabara ya Tom Mboya, na kabla hata hajaketi akanieleza kwa masikitiko kwamba mtangazaji wake amegeuka mtabiri. "Mzee," akasema, "huyu jamaa anasema mpira umegonga mwamba, na mpira bado haujagonga. Watu wananicheka." Nikamkaribisha kiti, nikamwomba aifungue rekodi ya Jumamosi iliyopita, nami nikavaa hedifoni.

Sikuwa na haja ya kusikiliza zaidi ya dakika mbili. Kila mguu ulipougusa mpira ulisikika kwanza mshindo hafifu, wenye mwangwi wa chumba cha mabati, kisha, baada ya kitambo cha kufumba na kufumbua, ukafuata mshindo wa pili, mnene na safi, sawia na mguu uonekanao katika picha. Mpira mmoja ulipigwa mara mbili, tena na tena, mechi nzima. Mwenyewe alikwisha kuuzoea mshindo ule wa kwanza hata hausikii tena, ilhali ndio uliokuwa shahidi wa pekee aliyekuwapo wakati wa tukio.

Atazamaye kioo cha televisheni hudhani kwamba picha na sauti zimesafiri pamoja, kama mtu na kivuli chake, kumbe aghalabu zimepita njia mbalimbali na kukutana mlangoni tu. Katika banda lile, picha na sauti ya mchezo hutoka katika mashine ya PlayStation kwa kebo ya HDMI, zikagawanyika: tawi moja likaenda kwenye televisheni ambayo wachezaji na mtangazaji huitazama, na tawi la pili likaingia katika kadi ya kunasia picha, ambayo huzipokea, huzipanga, pengine huzibana, ndipo ikazisukuma ndani ya kompyuta kwa mlango wa USB. Kazi hiyo ina ujira wake, na ujira wake ni wakati. Kadi za bei nafuu zilizosheheni katika maduka ya mtaa huu huweza kula sehemu ya kumi ya sekunde, na nyingine hula zaidi. Ama sauti ya mtangazaji haipiti huko kamwe. Inatoka kinywani, inaingia katika maikrofoni, na mara iko ndani ya kompyuta, imekaa kitako ikingojea picha ambayo bado iko njiani. Na maikrofoni, kwa kuwa haina adabu ya kuchagua la kusikiliza, huyanasa pia makelele ya televisheni iliyo mbele yake. Ndiyo ile mishindo miwili: wa kwanza umepita hewani, wa pili umepita katika kadi.

Hapo palikuwa na bahati ambayo fundi hupewa kwa nadra, yaani maradhi yaliyokuja na rula yake. Programu aliyoitumia, OBS Studio, ilikuwa imehifadhi sauti ya maikrofoni na sauti ya mchezo katika mikondo miwili mbalimbali, na tulipoifungua rekodi katika programu ya uhariri, mikondo ikalala mmoja juu ya mwingine, tukauona mshindo wa maikrofoni umesimama kama kilele kidogo, tuseme Lenana ya Mlima Kenya, na mbele yake, katika mkondo wa pili, Batian yenyewe. Nikamwambia ahesabu fremu, yaani picha mojamoja za video, zilizo baina yao. Nadhani alitazamia hesabu ya chuo kikuu. Lakini vijana wa Nairobi wana elimu hii vidoleni pasipo kujua. Tangu Sylvia Gathoni, ambaye katika ulingo wa Tekken, mchezo wa video wa mapigano, hujulikana kama QueenArrow, aliposajiliwa na timu ya UYU ya Marekani mwaka 2018, wamekuwa wengi wanaozungumza habari za fremu kama wakulima wanavyozungumza habari za mvua: mchezo ule huenda fremu 60 kwa sekunde, na ngumi iliyo nyepesi kuliko zote huchukua fremu 10 kufika usoni. Mtu awezaye kuhesabu ngumi kwa sehemu za sitini za sekunde atashindwaje kuhesabu ucheleweshaji wa sauti? Akahesabu, akapata fremu 8. Fremu moja ni milisekunde 16.7, yaani sehemu za elfu za sekunde, na nane zake ni 133 hivi.

Katika programu ile mna mahali pa sifa za ziada za sauti, ambapo kila chanzo kina kisanduku chake cha kuandikia milisekunde. Namba chanya huichelewesha sauti, na hasi huiwahisha kwa kiasi. Tukaandika 133 mbele ya jina la maikrofoni. Mbele ya sauti ya mchezo hatukuandika kitu, maana hiyo ilikuwa imefika pamoja na picha yake na haikuwa na kosa. Yeye kabla ya kuja kwangu alikuwa amezichelewesha sauti zote mbili kwa kipimo kimoja, na kwa hiyo akaubakiza mwachano uleule huku akiiharibu na ile iliyokuwa nzima. Na lau angekuwa na kamera ya kuuonyesha uso wa mtangazaji, ingempasa kuichelewesha picha ya kamera nayo, ama sivyo midomo ingefunguka mapema na maneno yakafuata baadaye. Kwa ukamilifu niongeze kwamba maikrofoni ilikuwa umbali wa mita mbili kutoka televisheni, na sauti hutumia karibu milisekunde 3 kuikata kila mita, basi kipimo chetu kilipungukiwa na 6, nikamwambia azisahau.

Yawezekana msomaji akauliza kwa nini watu wakacheka kwa fremu 8 tu. Jawabu ni kwamba sikio halihukumu kwa usawa. Aketiye upande mmoja wa uwanja wa raga wa RFUEA, hapo Ngong Road, na kumtazama mpigaji aliye umbali wa mita 100, huuona mpira ukiondoka mguuni na kuusikia mshindo baada ya kadiri ya milisekunde 290, wala hamwendei mtu kulalamika, kwa kuwa tangu kuumbwa kwa dunia nuru imekuwa ikifika kwanza na sauti ikifuata. Mwanakijiji amwonaye jirani akipasua kuni ng'ambo ya bonde ameliona hilo maisha yake yote. Lakini hapana mahali popote chini ya jua ambapo mshindo humfikia mtu kabla ya shoka kushuka. Kwa hiyo chombo cha kimataifa cha mawasiliano, ITU, katika pendekezo lake BT.1359 la mwaka 1998, kiliandika mipaka isiyolingana: mtazamaji huanza kutambua kasoro sauti ikitangulia kwa milisekunde 45 hivi, lakini ikichelewa huistahimili hadi 125 kabla ya kugutuka. Yule mtangazaji wa Kawangware alikuwa ametangulia karibu mara tatu ya kipimo cha uvumilivu, tena kwa upande ule ambao maumbile hayakuuzoesha ubongo. Mimi nikiwa na shaka huiacha sauti ichelewe kidogo. Kutangulia siiruhusu hata chembe.

Nisichotaka msomaji aamini, maana nakisikia kila wiki katika ngazi hizi, ni kwamba hatia ni ya intaneti. Wazee wenzangu watakumbuka zama za Sauti ya Kenya, tulipokuwa tukiizima sauti ya televisheni na kufungulia redio ili tupate kandanda kwa Kiswahili cha Leonard Mambo Mbotela, na sauti ikaoana na picha kana kwamba zimetoka chombo kimoja; ilikuwa hivyo kwa sababu mitambo ya analogi haikuwa na ghala la kuwekea picha, ilipokea na kutoa papo hapo. Ulipotimia ule uhamaji wa kwenda dijitali mwaka 2015, mwenye kushika desturi hiyo aligundua kwamba goli huingia redioni kwanza na kiooni baadaye, kwa sababu picha sasa hubanwa, pengine hupandishwa kwa setilaiti iliyo juu kiasi cha kilomita 36,000, safari ambayo peke yake kupanda na kushuka ni robo ya sekunde, kisha ikafunguliwa tena katika king'amuzi. Ndipo ukaja ule udhia wa jirani anayepiga ukelele wa goli ilhali kwako mpira ungali katikati ya uwanja. Walakini ndani ya televisheni yako mwenyewe picha na sauti havikuachana, kwa kuwa kila kipande cha kimoja na kila kipande cha kingine kimepigwa muhuri wa saa, na huoanishwa kwa mihuri hiyo. Hali kadhalika matangazo ya intaneti: mtu wa Uthiru akiyaona sekunde 10 baada ya tukio hapati madhara yoyote, na aghalabu hajui. Ikiwa vimeachana, viliachana bandani, kabla muhuri haujapigwa.

Kijana akaenda zake, akapanda namba 46 kurudi kwake, nami nikadhani shughuli imekwisha. Baada ya majuma mawili akarudi. Maikrofoni yake ilikuwa imekufa, akamrekodi mtangazaji kwa simu, kisha nyumbani akaibandika ile sauti juu ya picha, akiioanisha kwa filimbi ya mechi ya kwanza, kama watu wa filamu waoanishavyo kwa kofi. Mwanzo ulikuwa barabara kabisa. Kufikia mwisho wa saa ya kwanza sauti ilikuwa nyuma karibu sehemu ya tano ya sekunde. Alikuwa amejaribu kuisogeza mbele kwa kipimo hicho, mwisho ukanyooka na mwanzo ukapinda.

Hapa ndipo swali ambalo ningependa kila mwenye tatizo hili ajiulize kabla hajagusa kitufe: je, kosa la dakika ya kwanza ni sawa na kosa la dakika ya sitini? Likiwa sawa, tiba ni ile namba moja ya kisandukuni. Likiwa linakua, hayo ni maradhi mengine kabisa, na namba moja haiyatibu, bali huyahamisha tu kutoka mwisho wa rekodi kwenda mwanzo wake. Kila chombo cha dijitali kina saa yake ndani, kipande cha fuwele ya kwatzi kitetemacho, na kwa saa hiyo huhesabu sampuli 48,000 za sauti na kusema sekunde imepita. Simu ina fuwele yake, kompyuta ina yake, na hakuna fuwele mbili zilizoapa kwenda pamoja. Zikitofautiana kwa sehemu 50 tu katika milioni, tofauti ambayo ni ya kawaida, kwa saa moja zitaachana milisekunde 180. Na hiyo ndiyo sehemu ya tano ya sekunde aliyokuja nayo.

Mtu aweza kuivuta sauti nzima kwa uwiano huo hadi ncha mbili zikutane. Lakini kwa banda lile nilishauri njia nyepesi: aikate sauti baina ya mechi na mechi, mahali wachezaji wanapokabidhiana pedi na kutaniana, kisha aioanishe upya kwa kila filimbi ya kuanzia, kwani simu iliisikia filimbi ile kutoka katika televisheni. Mechi ya dakika 12 huachana milisekunde 36 tu, na hizo hapana azitambuaye.

Sababu nyingine za kosa likualo nitazipitia mbiombio. Chombo kimoja kikiwekwa sampuli 44,100 na kingine 48,000, na programu isitambue, sauti hubadilika hata unene wake na mwachano hukimbia mno. Viwekeni vyote 48,000. Kamera au kadi iendayo fremu 59.94 ikisomwa kama 60 hukosea sekunde 3.6 kwa saa. Simu nyingi hurekodi kwa fremu zisizo na mwendo mmoja, na programu za uhariri hukanganyikiwa nazo, basi rekodi igeuzwe kwanza iwe ya mwendo thabiti. HandBrake hufanya hivyo bila malipo. Na kompyuta ikitumia betri badala ya stima hupunguza nguvu zake ili ijihifadhi, huanza kuangusha fremu, na picha na sauti huweza kuachana ghafla katikati ya mechi, kuruka na si kukua. Dawa ya hilo ni kupunguza ukubwa wa picha inayorekodiwa.

Mara ya tatu alipokuja alikuwa na ghadhabu. Kila kitu, alisema, kimechelewa upya, mtangazaji, filimbi, mpira, vyote, tangu mwanzo hadi mwisho kwa kipimo kimoja, na ile namba ya kisandukuni ilikuwa haijaguswa. Nikamwambia acheze rekodi nimtazame. Akatoa mfukoni hedifoni mpya za Bluetooth, zawadi ya dada yake, akazivaa, akanyoosha kidole kwenye kioo kunionyesha mguu ulivyotangulia mshindo. Nikamwomba azivue. Nikachomeka zangu za waya, kuukuu, zilizofungwa kwa utepe mweusi, nikamvalisha, nikairudisha rekodi palepale. Akasikiliza nusu nzima ya mechi bila kusema neno, kisha akauliza bei ya hedifoni za waya duka la chini.