Taa ya Oili Ikiwaka, Pima Kabla ya Kubahatisha

Kuna sentensi moja inayoua injini nyingi: "Oili ipo ya kutosha, itakuwa swichi tu." Mwenye gari amechomoa dipstiki, ameona oili imefika alama ya juu, akarudi kwenye usukani na kuendelea na safari huku kile kikopo chekundu chenye tone kikiwaka kwenye dashibodi. Mbele ya safari injini inaanza kugonga, na gereji anapewa jibu ambalo kila dereva analiogopa: imenoki.

Kiasi cha oili na presha ya oili ni vitu viwili. Dipstiki inakueleza kilichomo kwenye sampu, haikuelezi kama oili hiyo inapanda. Kazi ya kuipandisha ni ya pampu, inayozungushwa na injini yenyewe. Inanyonya oili kupitia chujio la waya lililozama ndani ya sampu, inaipitisha kwenye filta, halafu inaisukuma kwenye njia zilizotobolewa ndani ya bloku mpaka kwenye beringi za krankishafti na konrodi, na juu kabisa kwenye kamshafti. Lakini pampu peke yake haitengenezi presha, inaleta mtiririko tu. Presha hutokea pale mtiririko huo unapokutana na nafasi nyembamba, kama mpira wa kumwagilia bustani unavyorusha maji mbali ukiubana mdomo kwa kidole gumba. Kati ya beringi na krankishafti nafasi hiyo ni sehemu chache za mia za milimita. Beringi zikilika, nafasi inapanuka, oili inatoroka pembeni bila kizuizi, na presha inashuka. Ndiyo maana fundi makini huisoma presha kama kipimo cha uchakavu wa injini nzima.

Je, ni presha ya pampu inayozuia chuma kisiguse chuma? Hapana, na jambo hili linajulikana tangu miaka ya 1880. Mhandisi Mwingereza Beauchamp Tower alikuwa akichunguza msuguano kwenye beringi za ekseli za treni, na ripoti yake ya kwanza ilitoka mwaka 1883. Alitoboa tundu juu ya beringi ili atilie oili, lakini ekseli ilipoanza kuzunguka, oili ikapanda na kumwagika kupitia tundu lilelile. Akaliziba kwa kizibo, kikatoka. Akapigilia kigingi cha mti, nacho kikasukumwa nje polepole. Alipofunga geji yenye mwisho wa psi 200, mshale ulipita mwisho huo, ingawa mzigo wa beringi kwa wastani ulikuwa kama psi 100 tu. Hapakuwa na pampu yoyote! Ekseli yenyewe, kwa kuzunguka, ilikuwa ikiburuta oili na kuisokomeza kati yake na beringi hadi beringi inaelea. Mwaka 1886 Osborne Reynolds aliandika hesabu zinazoeleza jambo hilo, na wabunifu wa beringi wanazitumia mpaka leo.

Kwa hiyo pampu inaleta oili, na krankishafti inaelea yenyewe mradi oili haikatiki. Ukilielewa hili hutashtushwa na udogo wa namba za kiwandani. Chukua injini ya 1NZ-FE, ile ya Probox, IST na Vitz nyingi zilizojaa barabarani kwetu. Ikiwa ya moto na iko kwenye sailensa, yaani inanguruma bila kukanyagwa mafuta, Toyota wanataka angalau kPa 29, kama psi 4 tu. Ikifika mizunguko 3,000 kwa dakika wanataka kati ya kPa 150 na 550, yaani psi 22 hadi 80. Ile kanuni ya psi 10 kwa kila mizunguko 1,000 imetoka kwa mafundi wa injini kubwa za V8 za Marekani. Usiitumie kuhukumu Probox. Tafuta kitabu cha injini yako.

Sasa tazama hatari iliyojificha hapo. Swichi ya presha, ile inayoendesha taa, kwa kawaida haiiwashi mpaka presha ishuke karibu kabisa na sifuri, kwenye kPa 20 hadi 50 hivi. Gari linaweza kukimbia barabara kuu na kPa 70, chini ya nusu ya presha linayotakiwa kuwa nayo, na taa ikabaki kimya. Taa haiwahi kukuonya mapema. Ikiwaka ukiwa safarini, egesha mahali salama na uzime injini papo hapo. Kama oili imepungua, ongeza, kisha washa. Taa isipozimika ndani ya sekunde chache, zima tena na uite gari la kuvuta, hata kama gereji unaiona kwa macho.

Kupima kwenyewe si kazi kubwa. Gari likiwa mahali tambarare, hakikisha kwanza kiasi cha oili, na uinuse: ikinuka petroli, imechanganyika na mafuta na imekuwa nyepesi. Kisha fundi anafungua swichi ya presha, mara nyingi iko karibu na filta, na mahali pake anafunga geji ya mshale. Hapa angalia mkono wake. Magari mengi ya Kijapani yana uzi wa BSPT wa moja ya nane ya inchi, wenye meno 28 kwa inchi, lakini adapta nyingi zinazokuja na geji ni za Kimarekani, NPT, zenye meno 27. Zinaingia mizunguko miwili hivi kwa urahisi halafu zinakaza. Anayelazimisha kwa spana anaharibu uzi wa bloku, au anaipasua. Geji ikishakaa, injini iachwe ipate moto mpaka feni ya rejeta izunguke, kwa sababu oili ya baridi ni nzito na hutoa namba ya kufurahisha isiyo na maana. Hapo ndipo zisomwe namba mbili: ya sailensa na ya mizunguko 3,000.

Namba zote zikiwa nzuri na taa bado inawaka, basi kweli ni swichi au waya, na ni matengenezo ya bei ndogo. Ya sailensa ikiwa chini lakini ya juu ikapanda vizuri, shuku beringi zilizolika au oili nyepesi. Zote zikiwa chini, shusha sampu kabla hujanunua pampu. Mara nyingi utakuta chujio limezibwa na tope jeusi la oili iliyokaa muda mrefu, au na vipande vya silikoni, ile gasketi ya kubana kwenye tyubu, ambayo fundi aliyetangulia aliipaka kwa ukarimu ikamiminikia ndani. Silikoni inayozidi kwa nje unaiona, ya ndani huioni, na ndiyo inayonyima injini oili. Kama taa inamulika kwenye kona au ukifunga breki tu, mara nyingi oili imepungua, na chujio linabaki hewani pale inapokimbilia upande mmoja.

Namba ikiwa mbaya, wapo watakaokushauri uweke oili nzito, 20W-50 badala ya 5W-30. Mshale utapanda kweli, lakini nafasi za beringi zitabaki zilivyo. Na asubuhi injini ikiwa baridi, oili hiyo itachelewa kufika juu kwenye kamshafti na kwenye VVT-i, mfumo wa kurekebisha vali wenye vijitundu vidogo. Kwa injini iliyochoka ambayo mwenyewe anajua anaisogezea siku, sawa. Kuitumia kumuuzia mtu gari ni wizi.

Ukienda kununua gari lililotumika, zungusha ufunguo taa za dashibodi ziwake, bila kuwasha injini. Taa ya oili lazima iwake, halafu izimike mara injini inapokamata. Isipowaka kabisa, usikubali ukiambiwa gari ni zima. Kwenye magari mengi ya Kijapani swichi ya presha huwasha taa kwa kuunganisha waya na bodi, kwa hiyo anayechomoa waya ameinyamazisha taa moja kwa moja. Mwombe muuzaji ruhusa ya kufunga geji injini ikiwa ya moto, na ziandike namba zile mbili kabla hamjaanza kuzungumza bei.